Kigae Chini ya Hadubini: Maisha na Kazi ya David Peacock

Mvua kubwa inapokwisha kunyesha katika eneo la Majengo, mjini Mpanda, maji huacha wazi vitu vingi vilivyokuwa vimefukiwa ardhini. Kando ya mfereji huonekana kokoto za kila rangi, vipande vya chupa, na mara nyingine kigae cha chungu kilichovunjika zamani. Wapita njia hukiruka kigae hicho bila ya kukitazama. Hakuna atakayekiokota ili akiuze, wala hakiwezi tena kutekwa maji au kupikiwa ugali. Hata hivyo, mwanafunzi mdadisi anaweza kukiuliza kigae hicho swali moja: chungu hiki kilifinyangwa wapi?

Swali hilo laonekana kuwa dogo, lakini majibu yake yamewashughulisha wataalamu kwa miaka mingi. Chungu kikipatikana mahali kilipofinyangwa, hutueleza habari za mafundi wa mahali hapo. Kikipatikana mbali na hapo, hutueleza habari za safari, biashara, ndoa, vita au kodi. Kwa hiyo mtu asiyejua asili ya chungu aweza kuandika historia iliyo kinyume kabisa na ukweli. Aweza kudhani kwamba watu walihama kumbe ni vyungu tu vilivyosafirishwa, au kwamba wageni ndio waliojenga mji uliojengwa na wenyeji.

Miongoni mwa wataalamu waliotafuta njia ya kulijibu swali hilo kwa uhakika, David Peacock ana nafasi ya pekee. Alizaliwa mwaka 1939 na kufariki mwaka 2015. Alianza maisha yake ya kisomi akiwa mwanafunzi wa miamba, akawa mtaalamu mkubwa wa vyombo vya udongo vya Dola ya Rumi, na katika miaka yake ya baadaye kazi ilimfikisha kwenye bandari za kale za Afrika zilizohusiana na pwani ya Afrika Mashariki.

Kutoka kwenye Miamba hadi kwenye Vyungu

Peacock alisoma jiolojia, yaani elimu ya miamba na ardhi, katika Chuo Kikuu cha St Andrews huko Scotland, na alipata shahada ya udaktari katika elimu hiyo hiyo. Katika miaka ya 1960 alikwenda Chuo Kikuu cha Birmingham kuchunguza jinsi sayansi inavyoweza kuisaidia akiolojia. Baadaye alihamia Chuo Kikuu cha Southampton, ambako alifundisha hadi alipostaafu akiwa profesa.

Siku hizo wanaakiolojia wengi walivipanga vyombo vya udongo kwa kutazama umbo na nakshi. Mtaalamu alitazama mdomo wa chungu, shingo yake, rangi yake na mistari iliyochorwa juu yake, kisha akasema kuwa hiki ni cha kabila fulani na kile ni cha kabila jingine. Njia hiyo ina manufaa yake na haijaachwa mpaka leo. Lakini ina udhaifu mmoja mkubwa: umbo na nakshi vyaweza kuigwa. Mfinyanzi wa mji mmoja akiona mtungi mzuri kutoka mji mwingine anaweza kufinyanga mfano wake kwa udongo wa kwao. Macho yatadanganyika, na historia nayo itapotoka.

Mwanajiolojia hukitazama chungu kwa namna nyingine. Kwake chungu ni aina ya mwamba uliotengenezwa na mwanadamu. Udongo wa mfinyanzi umetokana na miamba iliyosagika kwa jua, mvua na mito katika muda wa maelfu ya miaka, na ndani yake mna chembe za miamba hiyo. Zaidi ya hayo, mfinyanzi mara nyingi huongeza mchanga, vigae vilivyopondwa au makapi ili chungu kisipasuke kinapokaushwa na kuchomwa. Moto wa mfinyanzi hubadili udongo laini na kuufanya mgumu, lakini chembe nyingi za mchanga, kama vile kwatsi, hubaki zikitambulika. Kwa hiyo kila chungu hubeba ndani ya kuta zake alama za mahali udongo wake ulipochimbwa. Umbo laweza kuigwa, lakini ni vigumu sana kuiga mchanga wa nchi nyingine.

Namna ya Kukisomesha Kigae

Peacock alitumia hasa njia mbili, na zote mbili zilikuwa zikifahamika kwa wanajiolojia kabla yake. Sifa yake ni kwamba alizihamisha kutoka kwenye mawe na kuzitumia kwa bidii na utaratibu kwenye vyungu.

Njia ya kwanza ni ya kukata kipande chembamba. Kigae hukatwa kwa msumeno maalumu, hugandishwa kwenye kipande cha kioo, kisha husagwa taratibu mpaka unene wake ubaki sehemu tatu za mia za milimita, yaani milimita 0.03. Katika unene huo chembe nyingi zilizokuwa kama jiwe hupitisha mwanga. Kipande hicho huwekwa chini ya hadubini yenye vichujio vinavyoufanya mwanga utetemeke katika mwelekeo mmoja tu. Hapo kila madini hujionyesha kwa tabia yake. Kwatsi huonekana ya kijivu au nyeupe, ulanga huonekana kama nyuzi zenye rangi kali, na feldispa nyingine huwa na milia. Mtaalamu aliyezoea hutambua pia vipande vidogo vya miamba yenyewe, kama vile itale, basalti, mawe ya chokaa au majivu ya volkano.

Njia ya pili hutumiwa pale ambapo kigae kimejaa kwatsi tupu. Kwatsi hupatikana karibu kila mahali duniani, na kwa hiyo hakionyeshi mahali maalumu. Katika hali hiyo kigae hupondwa na unga wake hutiwa katika kimiminiko kizito kama vile bromofomu, ambacho uzito wake ni karibu mara 2.9 ya uzito wa maji. Kwatsi, ambayo uzito wake ni mara 2.65 ya maji, huelea. Madini mazito kama ganeti, zirkoni na tomalini huzama chini. Madini hayo mazito ni machache sana katika mchanga, lakini mchanganyiko wake hutofautiana kutoka nchi hadi nchi. Mchanga wa bonde moja waweza kuwa na tomalini nyingi, na wa bonde la pili ukawa na ganeti. Mtaalamu huhesabu chembe moja moja chini ya hadubini na kulinganisha hesabu hizo na za mchanga wa sehemu mbalimbali.

Kazi hiyo huhitaji subira. Huhitaji pia mtaalamu atoke nje, atembee mitoni na milimani, akusanye mchanga na mawe kwa ajili ya kulinganisha.

Mambo Yaliyogunduliwa Uingereza

Matunda ya kwanza yalihusu Uingereza ya kabla ya Warumi. Katika magharibi ya nchi hiyo kulikuwa na vyungu vya Zama za Chuma vilivyopambwa kwa mihuri midogo na mistari. Baadhi ya wataalamu walikuwa wamefikiri kuwa mtindo wa namna hiyo uliletwa na watu wahamiaji, na kwamba kila palipopatikana chungu cha aina hiyo palikuwa na jamii ya watu hao. Mwaka 1968 Peacock alitoa matokeo ya uchunguzi wake. Chembe zilizokuwamo ndani ya vyungu vingi miongoni mwa hivyo zilitoka katika miamba ya zamani sana ya vilima vya Malvern. Kwa hiyo lililoenea halikuwa kabila, bali bidhaa. Mafundi wa sehemu chache walifinyanga, na watu wa sehemu nyingine nyingi wakanunua au wakabadilishana.

Mwaka uliofuata aliandika juu ya vyungu vya zamani zaidi, vya wakulima wa kwanza wa kusini-magharibi ya Uingereza, walioishi zaidi ya miaka 5,000 iliyopita. Ilidhaniwa kuwa katika enzi hiyo kila kaya ilijifinyangia vyungu vyake. Lakini hadubini ilionyesha kuwa baadhi ya vyungu vizuri vya wakati huo vilikuwa na chembe za mwamba uitwao gabro, na kwamba udongo wa namna hiyo ulitoka katika eneo dogo la rasi ya Lizard, huko Cornwall. Baadhi ya vyungu hivyo vilipatikana zaidi ya kilomita 200 kutoka huko.

Ugunduzi wa tatu una maana kubwa hasa kwa msomaji wa Afrika. Katika Uingereza iliyotawaliwa na Warumi kulikuwa na aina ya vyungu vyeusi vya kupikia vilivyosuguliwa mpaka vikang'aa. Vilipatikana kwa wingi hata katika ngome za askari kwenye Ukuta wa Hadrian, kaskazini ya nchi. Peacock alianza kuvichunguza kwa njia ya madini mazito, na David Williams, ambaye alifanya kazi naye kwa muda mrefu, aliukamilisha uchunguzi huo. Mchanga wa kundi kubwa la vyungu hivyo ulikuwa na tomalini nyingi, na ulilingana na mchanga wa Dorset, kwenye pwani ya kusini. Toka Dorset hadi kwenye Ukuta ni karibu kilomita 480.

Ajabu ni kwamba vyungu hivyo havikufinyangwa kwa gurudumu. Vilifinyangwa kwa mikono mitupu na kuchomwa kwa moto wa kawaida wa wazi, kama wafanyavyo akina mama wafinyanzi katika vijiji vingi vya Tanzania. Warumi walikuwa na viwanda vyenye magurudumu na matanuri makubwa, lakini jeshi lao lilipikia vyungu vya wanavijiji wa Dorset kwa sababu vilifaa na vilistahimili moto. Hapo fikira ya kwamba chungu cha mkono ni dalili ya watu walio nyuma na wasiokuwa na biashara ikapata pigo.

Mitungi ya Divai na Mafuta

Sehemu kubwa ya sifa ya Peacock imetokana na amfora. Amfora ni mtungi mkubwa wenye mikono miwili na kitako kilichochongoka au cha mviringo, ambao Warumi na majirani zao waliutumia kusafirisha divai, mafuta ya zeituni na mchuzi wa samaki kwa jahazi. Divai yenyewe imekwisha kunywewa na mafuta yamekwisha kuliwa, wala hayakuacha alama kwa urahisi. Bali mitungi ilibaki. Katika jiji la Roma kuna kilima kiitwacho Monte Testaccio, chenye urefu wa karibu meta 35, ambacho chote kimefanyika kwa vigae vya amfora zilizotupwa, nyingi kati yake zikiwa za mafuta kutoka kusini ya Hispania.

Kwa hadubini yake Peacock aliweza kuonyesha kwamba amfora zenye umbo lile lile zilitoka nchi mbalimbali. Mfano ulio mashuhuri ni ule wa amfora zenye mchanga mweusi. Mchanga huo umejaa madini ya volkano yaitwayo ojiti, na unalingana na mchanga wa nchi iliyo karibu na Ghuba ya Naples na mji wa Pompeii, chini ya mlima Vesuvius. Mwanaakiolojia akipata kigae chenye chembe hizo katika Uingereza au Ufaransa, anajua kuwa ameshika chombo kilichobebea divai ya Italia ya kusini. Peacock hakuridhika na hadubini tu. Alikwenda Italia mwenyewe kuyatafuta mabaki ya matanuri ambamo amfora zilichomwa.

Mwaka 1986 yeye na Williams walitoa kitabu juu ya amfora na uchumi wa Warumi, ambacho kilizipanga aina mbalimbali za amfora pamoja na asili zake. Kitabu hicho kilifungua njia mpya ya kuchunguza uchumi. Mwanahistoria aliyetegemea maandishi tu alikuwa na habari za wakuu na vita vyao. Sasa aliweza pia kuhesabu mitungi na kujua mkulima wa nchi fulani aliuza nini, wapi, na kwa kipindi gani.

Mfinyanzi Aliye Hai Kama Mwalimu

Wahenga walisema kuwa mfinyanzi hulia gaeni. Maana yake ni kwamba fundi anayewatengenezea watu vyombo vizuri, yeye mwenyewe hutumia kipande kilichovunjika. Methali hiyo ina ukweli kuhusu elimu pia, kwa sababu kwa muda mrefu wataalamu walivisifu vyungu na kuwasahau wafinyanzi.

Katika kitabu chake cha mwaka 1982 juu ya ufinyanzi katika dunia ya Warumi, Peacock aliwageukia wafinyanzi wa zama zetu. Alitaka kujua jinsi kazi inavyopangwa: nani hufinyanga, kwa msimu gani, kwa vifaa gani, na nani huuza. Kutokana na mifano hiyo alizipambanua hatua mbalimbali za uzalishaji. Ya kwanza ni ya kaya inayofinyanga kwa matumizi yake yenyewe. Ya pili ni ya kaya inayofinyanga pia kwa ajili ya kuuza, na mara nyingi kazi hiyo hufanywa na wanawake baada ya kilimo. Kisha huja karakana ya fundi mmoja, halafu kijiji cha karakana nyingi zilizokaribiana, na mwisho viwanda vikubwa vyenye wafanyakazi wengi. Aliongeza pia ufinyanzi wa mashamba makubwa na ule wa jeshi au serikali.

Mwanafunzi wa Tanzania hahitaji kwenda mbali ili azione hatua hizo. Wanawake wa Kikisi, walioko mwambao wa kaskazini wa Ziwa Nyasa, hufinyanga vyungu kwa mikono, na vyungu vyao hupakiwa katika mitumbwi na kupelekwa kuuzwa katika soko la Matema na kwingineko. Mwanaakiolojia wa karne zijazo akivikuta vigae vya vyungu hivyo mbali na ziwa, atakosea sana akisema kuwa Wakisi walihamia huko. Na huko Uvinza, kwenye chemchemi za maji ya chumvi katika mkoa jirani wa Kigoma, uchimbaji wa miaka ya 1960 ulionyesha kuwa watu walikuwa wakichemsha chumvi tangu karibu karne ya 5 baada ya Kristo. Vigae vilikuwa sehemu ya ushahidi huo.

Safari ya Kuelekea Afrika

Kadiri miaka ilivyopita ndivyo kazi ya Peacock ilivyozidi kuelekea Afrika. Alichimba Carthage, nchini Tunisia, pamoja na Michael Fulford, na baadaye akashirikiana na wataalamu wa Tunisia kuyatafuta maeneo ya wafinyanzi wa zama za Warumi katika nchi hiyo. Afrika ya Kaskazini ilikuwa ghala kubwa la Dola ya Rumi, na mafuta yake pamoja na sahani zake nyekundu yalienea pande zote za Bahari ya Kati.

Kuanzia mwaka 1987 hadi 1993 alishiriki katika utafiti wa Mons Claudianus, machimbo ya mawe yaliyo katika jangwa la mashariki ya Misri. Huko Warumi walichonga nguzo kubwa za mwamba wa kijivu unaofanana na itale, na baadhi ya nguzo hizo zinasimama mpaka leo mbele ya jengo la Pantheon jijini Roma. Katika jangwa hilo kavu vigae vilikuwa na kazi nyingine. Viliandikiwa kwa wino kama karatasi. Zaidi ya vigae 9,000 vyenye maandishi vilipatikana: barua, hesabu za maji, orodha za wafanyakazi na maombi ya chakula. Baada ya hapo, kuanzia mwaka 1994 hadi 1998, Peacock na Valerie Maxfield waliongoza utafiti wa Mons Porphyrites, yalikochimbwa mawe ya zambarau yaliyopendwa na wafalme wa Rumi.

Kati ya mwaka 1999 na 2003 yeye na Lucy Blue waliongoza uchimbaji katika Quseir al-Qadim, kwenye pwani ya Misri ya Bahari ya Shamu. Uchimbaji huo ulithibitisha kuwa hapo ndipo ilipokuwa bandari ya kale ya Myos Hormos. Mwaka 2004 na 2005 watafiti wa Eritrea na Uingereza, Peacock akiwamo, walichunguza Adulis, bandari ya ufalme wa Aksum. Katika miaka hiyo hiyo alichunguza pia mawe ya basalti yaliyokutwa katika bandari za Misri. Mawe hayo hayakuwa ya nchi ile. Yalikuwa farumi, yaani mawe yaliyowekwa chini ya jahazi ili lisipinduke, na asili yake ilifuatiliwa hadi pwani ya kusini ya Arabuni, hasa bandari ya Qana iliyouza ubani.

Majina ya Myos Hormos na Adulis si mageni kwa mwanafunzi wa historia ya Afrika Mashariki. Yametajwa katika kitabu cha Periplus, mwongozo wa mabaharia ulioandikwa kwa Kigiriki na mfanyabiashara wa Misri katika karne ya 1 baada ya Kristo. Kitabu hicho kinaeleza bandari hizo mbili, kisha kinaendelea kusini hadi nchi ya Azania na soko lake la mwisho, Rhapta, ambako pembe za ndovu na magamba ya kasa yaliuzwa. Rhapta ilikuwa katika pwani ya Afrika Mashariki, na wataalamu wengi huiweka Tanzania, ingawa mahali pake hasa pangali panabishaniwa.

Vigae na Historia ya Pwani Yetu

Mwaka 1999 Felix Chami wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam alitangaza habari za shanga za kioo za Kirumi zilizopatikana katika sehemu za Rufiji. Kabla ya hapo, mwaka 1996, Abdurahman Juma aliandika juu ya vigae kutoka Unguja Ukuu, Zanzibar, ambavyo alivilinganisha na vyombo vya Bahari ya Kati vya mwishoni mwa zama za Warumi. Huko Ras Hafun, nchini Somalia, vigae vilivyokusanywa miaka ya 1970 vilionyesha kuwa mahali hapo pa mchangani palikuwa kituo cha mabaharia katika zama hizo.

Mambo hayo yamezua mjadala. Uchimbaji wa miaka ya karibuni huko Unguja Ukuu umeelekea kuuweka mwanzo wa mji huo katika karne ya 7, na kwa hiyo ufasiri wa vigae vya zamani zaidi umeulizwa maswali. Hii ni hali ya kawaida katika sayansi, na ndiyo sababu njia kama za Peacock zinahitajika. Umbo la kigae likileta ubishi, udongo wake waweza kuitwa kutoa ushahidi. Hata hapo inapasa kuwa na tahadhari. Kigae cha Kirumi hakithibitishi kwamba Mrumi alifika, kwa maana chombo huweza kupita katika mikono ya watu wengi.

Jambo lililo muhimu zaidi ni vyungu vya wenyeji. Kwa miaka mingi baadhi ya waandishi walidai kuwa miji ya Waswahili ilianzishwa na wageni. Lakini katika tabaka za chini za miji hiyo vigae vilivyo vingi si vya kigeni. Ni vya vyungu vya kienyeji vyenye nakshi za pembetatu, na vyungu vya namna hiyo vimepatikana pia bara, mbali na bahari. Ushahidi huo ulikuwa miongoni mwa mambo yaliyowafanya wataalamu wakubali kuwa mizizi ya miji ya pwani ni ya Kiafrika.

Mipaka ya Elimu Hii

Yafaa ieleweke kuwa hadubini haina jibu la kila swali. Udongo uliochujwa sana hauna chembe za kutazamwa, na hapo wataalamu hutumia uchunguzi wa kikemia. Kuna nchi ambazo miamba yake ni ya namna moja kwa mamia ya kilomita, na vigae vyake havitofautiani. Mpanda ina bahati nzuri katika jambo hili. Miamba yake ya Ubende ina umri wa karibu miaka milioni 2,000, na imebeba madini ya risasi, shaba, fedha na dhahabu. Kusini yake, katika bonde la Rukwa, ambako mto Katuma humimina maji yake, kuna mashapo machanga zaidi ya ziwa. Mbali zaidi, kusini-mashariki, kuna majivu ya volkano za Rungwe. Chungu kilichotoka Rungwe kikivunjika Mpanda kingeweza kutambulikana, kama vile mtungi wa Vesuvius ulivyotambulikana Uingereza.

Kuna mpaka mwingine, nao ni wa wanadamu kuutunza. Kigae kilichoondolewa mahali pake bila ya kuandikwa kilikokuwa na kina chake hupoteza sehemu kubwa ya habari zake. Wachimbaji wa dhahabu, wajenzi wa nyumba na wachimbaji wa mitaro hugusa ardhi kila siku. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964 inavilinda vitu vya kale, na haimruhusu mtu kuvichimba bila ya kibali. Mwanafunzi akikuta vigae vingi mahali pamoja, au chungu kizima ardhini, asikichimbue. Aandike mahali, achore ramani ndogo, na kumwarifu mwalimu ili habari ifikishwe kwa mamlaka ya wilaya au ya mambo ya kale.

Jaribio la Kufanya Shuleni

Kanuni iliyomwongoza Peacock inaweza kuonyeshwa darasani bila ya gharama kubwa. Hutakiwa udongo wa mfinyanzi kutoka sehemu mbili zilizo mbali, kwa mfano ukingo wa mto na mteremko wa kilima; ndoo mbili, kitambaa chepesi, sumaku, lenzi ya mkononi na ndimu.

Udongo wa kila sehemu uloweshwe katika ndoo yake kwa siku moja, ukorogwe, na maji yenye tope yamwagwe taratibu. Kazi hiyo irudiwe mpaka ubaki mchanga tu. Mchanga ukaushwe juani na kutandazwa juu ya karatasi nyeupe. Wanafunzi watazame kwa lenzi na kuhesabu chembe 100: ngapi ni angavu, ngapi ni nyeusi, ngapi zinametameta kama ulanga. Sumaku ifungwe kwa karatasi na kupitishwa juu ya mchanga ili ivute chembe za chuma. Tone la maji ya ndimu liwekwe juu ya chembe nyeupe. Povu likitokea, ni dalili ya chokaa. Hesabu za sehemu mbili ziandikwe katika jedwali na kulinganishwa.

Mwisho, kipande cha chungu kipya kilichovunjika nyumbani, kilichonunuliwa sokoni, kitazamwe ubavuni kwa lenzi ile ile. Je, chembe zake zinafanana na mchanga wa sehemu ya kwanza, ya pili, au hazifanani na wowote? Jibu lililopatikana likathibitishwe kwa kumwuliza muuzaji alikipata wapi chungu hicho. Watakaofanya hivyo watakuwa wamefuata hatua zile zile ambazo Peacock alizifuata tangu Cornwall hadi Adulis: kutazama, kuhesabu, kulinganisha, na kisha kwenda kuuliza.